Faili Dogo Lililofungua CD

Windows ilianza kufungua faili la ISO bila msaada mwaka 2012, ilipotoka Windows 8. Vijana ninaofanya nao kazi hubofya mara mbili tu, draivu mpya ikajitokeza kwenye orodha, wakaendelea na mambo yao. Sisi tulioanza ufundi kabla yao tulitegemea mafaili madogo ya DLL yaliyoletwa na programu za watu wengine, na mteja hakujua kama yapo mpaka siku yalipokosekana.

ISO ni CD nzima ya data iliyowekwa ndani ya faili moja. Si mafaili yaliyonakiliwa kutoka kwenye CD, bali ni kila sekta ya diski kwa mpangilio wake, pamoja na jina la diski, orodha ya yaliyomo, na ile sehemu inayoiwezesha kompyuta kuwaka kutoka kwenye CD. Jina limetokana na kanuni ya ISO 9660 ya mwaka 1988. Kanuni hiyo nayo ilizaliwa na makubaliano ya kampuni zilizokutana mwaka 1985 katika hoteli ya High Sierra, kando ya Ziwa Tahoe huko Marekani. Walikuwa washindani, lakini walikubali kwamba CD ya mmoja isomeke kwenye mashine ya mwingine. Ukiichungulia ISO kwa ndani unaona walivyolichukulia jambo hilo kwa uzito: namba muhimu zimeandikwa mara mbili, mara moja kwa mpangilio wa baiti unaotumiwa na Intel, mara nyingine kwa mpangilio wa Motorola, ili pasiwe na kompyuta ya kubaki nje.

Mimi niliijua ISO mwanzoni mwa miaka ya 2000, nikiwa fundi katika duka moja la kompyuta Kariakoo. Kuchoma CD ilikuwa biashara kamili: harusi, kaswida, kwaya, hesabu za ofisi. Draivu nyingi za kuchomea zilikuja na Nero Burning ROM, programu ya Wajerumani, na ndiyo tuliyoizoea sote. Kompyuta za mitumba zilikuwa bado na Windows 98, ambayo ilikuja na tabaka la kuzungumza na draivu liitwalo ASPI, lililobuniwa na kampuni ya Adaptec. Faili lake liliitwa WNASPI32.DLL. Kazi yake ilikuwa kuipelekea draivu amri: fungua trei, soma sekta namba fulani, anza kuandika. DLL ni hivyo tu, faili lenye kazi zilizokwisha kuandikwa ambazo programu nyingine huziita, kila mwandishi asilazimike kuanza upya.

Zikaja Windows 2000 na XP, na ASPI haikuwemo. Programu iliyokuwa ikichoma bila tabu, ukiiweka kwenye XP inagoma na kutoa kisanduku kinachosema faili hilo halipo. Mafundi tukagundua kwamba Nero ina WNASPI32.DLL yake ndani ya folda lake. Unalinakili, unaliweka kando ya programu inayogoma, inaamka. Ilifanya kazi kwa sababu Windows hutafuta DLL kwanza kwenye folda la programu yenyewe kabla ya kwenda System32, folda la Windows yenyewe.

Wengine walichukua njia ya hatari. Niliwahi kuletewa kompyuta ya mama mmoja mshonaji, imejaa virusi, baada ya fundi wa duka jingine kupakua DLL kwenye tovuti asiyoijua na kuitupa moja kwa moja ndani ya System32. Picha zake zote za mitindo zilikuwa humo. Jambo hilo lilinikera, na hadi leo nikisikia fundi anamwambia mteja “nitakutafutia hiyo DLL mtandaoni,” namzuia.

Mgao wa umeme wa mwaka 2006 ndio uliotufanya tuipende ISO kwa dhati. CD ya kuandikwa mara moja ikikatikiwa umeme katikati ya kuchomwa, imekwisha. Kwa hiyo tulipanga mafaili yote kwanza, tukayafanya ISO moja kamili kwenye hard disk, umeme ukirudi tunachoma tu. Intaneti nayo haikuwa ya kupakulia vitu vikubwa. CD moja ya megabaiti 700, kwa modemu ya simu ya kilobiti 56, ingechukua zaidi ya siku nzima hata kama laini isingekatika, na ilikatika. Ndiyo maana CD za Linux ya Ubuntu zilizotumwa bure kwa posta, huduma iliyoanza mwaka 2005 na kufungwa mwaka 2011, zilipokelewa kwa shangwe na wengi wetu. Mimi ya kwanza niliichukua kwenye sanduku la posta la duka. Ndani ya Linux ile nilikuta kwamba amri moja fupi ya mount inafungua ISO bila kutafuta DLL ya mtu yeyote.

Upande wa Windows mambo yalizidi kusambaa. Nero ilihifadhi nakala zake kwa mtindo wa NRG. CloneCD ilikuwa na CCD, Alcohol 120% ilikuwa na MDF na MDS, CDRWIN ilituachia BIN na CUE, MagicISO ikaja na UIF. Zipo zilizokuwa na sababu nzuri, maana ISO haibebi nyimbo za CD ya muziki wala alama za ulinzi zilizofichwa kati ya sekta. Lakini watu wengi walizihifadhi nyaraka zao za kawaida kwa mitindo hiyo kwa sababu tu programu ndiyo iliyopendekeza hivyo, na kila mtindo ulihitaji DLL zake. Programu ikiondoka sokoni, au ikikataa Windows mpya, data yako imebaki mikononi mwa faili usilokuwa nalo.

Hilo nililiona waziwazi kwa mwalimu mmoja mstaafu wa historia. Alikuwa amewarekodi wazee wa Kilwa na Lindi wakisimulia habari za wazazi wao, akachoma CD, na mpwa wake akazihifadhi zile CD kwenye hard disk, nyingi kwa Nero, chache kwa mtindo wa BIN. CD zenyewe zilikuja kubanduka utando wa juu. Yakabaki mafaili ya NRG na BIN, na kompyuta yake ilikuwa ya Windows 10, ambayo haiyafungui.

“Shikamoo, Mwalimu.”

“Marahaba, mwanangu. Nimeambiwa haya mafaili yamekufa.”

Nikamwomba aketi pembeni yangu, nikafungua faili la kwanza kwa programu inayoonyesha baiti moja moja. Mwisho kabisa, kwenye baiti 12 za mwisho, zimo herufi NER5, na baada yake namba inayosema maelezo ya Nero yanaanzia wapi. Mwanzoni ni sifuri tupu, baiti 307,200. Namba hiyo si ya kubahatisha. CD husomwa sekta 75 kwa sekunde, kila sekta ya data ina baiti 2,048, na kabla ya data kuna mapumziko ya sekunde mbili: sekta 150. Zidisha 150 kwa 2,048, unapata 307,200. Baada ya hapo zinakuja sekta 16 ambazo kanuni ya ISO imeziacha wazi, kisha baiti moja yenye namba 1, kisha herufi CD001, ambazo kila ISO inayofuata kanuni hiyo inazo mahali hapo. Mistari michache mbele likasomeka jina la diski: WAZEE_KILWA.

“Kumbe wapo,” Mwalimu akasema.

Walikuwepo muda wote. NRG ile ilikuwa ISO iliyotanguliwa na sekunde mbili za ukimya na kufuatwa na mkia wa maelezo. Nikakata zile baiti 307,200 kwa amri moja, nikabadilisha jina la faili, likafunguka. Zile za BIN zilitaka kazi zaidi kidogo, kwa kuwa kila sekta humo ina baiti 2,352: 12 za kuonyesha mwanzo, 4 za anwani, 2,048 za data, na 288 za kugundua na kusahihisha makosa. Unachambua data, mengine unaacha. Diski kongwe kuliko zote ilikuwa imechomwa bila Joliet, nyongeza ya Microsoft inayoruhusu majina marefu, kwa hiyo kila rekodi ilikuwa na jina la herufi nane: MAHOJIA1.WAV, MAHOJIA2.WAV. Nani ni nani? Mwalimu akatoa daftari lake lenye tarehe na majina, akasikiliza sekunde chache za kila rekodi, akaniandikisha moja baada ya nyingine. Sauti zote alizitambua.

Siwezi kusema nilijua hayo yote kwa akili yangu. Kuna watu waliokaa wakachambua mitindo hii isiyo na maelezo rasmi, kisha wakaandika maktaba za programu na kuziweka wazi. Libcdio, iliyoanzishwa na Rocky Bernstein, inasoma BIN na NRG. Libmirage, ya mradi wa CDemu, inajua mitindo mingi zaidi, pamoja na CCD na MDS. Kwa maoni yangu hawa wamefanya kazi kubwa ya uhifadhi kuliko wengi wenye cheo cha mhifadhi, na hawatajwi.

Huko nako hakukukosa mivutano. Programu iliyotegemewa na Linux kwa kuchoma CD ilikuwa cdrecord ya Jörg Schilling, na mwaka 2006 mabadiliko ya leseni yaliwafanya watu wa Linux ya Debian watengeneze tawi lao. Baadaye Thomas Schmitt na wenzake wakaendeleza libburn na libisofs, na kwenye hizo ikasimama xorriso, ambayo ndiyo ninayoitumia kutengenezea ISO hadi leo. Niliumizwa na ugomvi ule kwa kuwa pande zote mbili zilikuwa na watu waliotupa vitu vizuri bure. Schilling alifariki mwaka 2021.

Zile sekta 16 zilizoachwa tupu mwaka 1988 zilipata kazi mpya miaka 20 baadaye. Watengenezaji wa Syslinux, programu ya kuwashia Linux, waliona kwamba wanaweza kuweka humo maelezo ya kuwashia hard disk, na ISO ile ile ikafaa kwa CD na kwa flashi. Ndiyo maana leo unaandika ISO ya Linux kwenye flashi na laptop isiyo na draivu ya CD inawaka. Urahisi huo una upande mwingine pia. ISO zilipoanza kufunguka kwa kubofya, matapeli walizitumia kubebea programu hasidi kwenye barua pepe, maana onyo ambalo Windows huweka kwenye mafaili ya mtandaoni halikuyafikia yaliyokuwa ndani ya ISO. Microsoft iliziba mwanya huo Novemba 2022. Bado nawaambia wateja: ukitumiwa ankara ikiwa ndani ya ISO, usiifungue.

Wajukuu wa wale wazee walitaka sauti za babu na bibi zao kwenye simu, kwa hiyo tuliwatengenezea MP3, na zikasambaa kwa WhatsApp kabla Mwalimu hajafika nyumbani. Rekodi za asili tulizipanga upya kwenye ISO zenye Joliet na nyongeza kama hiyo iitwayo Rock Ridge, majina kamili yaliyotoka kwenye daftari, na kila moja ina hesabu yake ya SHA-256 ya kuthibitisha kwamba haijabadilika hata baiti. Zimewekwa kwenye hard disk mbili, moja kwa Mwalimu, nyingine kwa binti yake. Kwenye kila hard disk nimeongeza folda lenye msimbo wa chanzo wa libcdio na libisofs, pamoja na ukurasa mmoja wa Kiswahili unaoeleza data inaanzia sekta gani.