Ujasiri wa Alfajiri Moja

Kanduyi, Bungoma
Oktoba 2025

Mpwa wangu mpendwa,

Mama yako ananiambia kila akikupigia simu unasema "niko sawa" na kukata. Pesa unatuma, ila wewe mwenyewe hujaonekana tangu Pasaka. Kutoka huko Kitale unakoishi ni safari ya asubuhi moja: Kiminini, Kamukuywa, Misikhu, Webuye, umefika. Kwa hiyo najua kinachokuzuia si barabara.

Kijana aliyepanga chumba mjini hubishana na nafsi yake. Mara ajiambie, nenda nyumbani ukapumzike. Mara ajiulize, utaenda na nini, na mkono mtupu haulambwi? Watakuuliza habari za shamba, watakuuliza mke. Basi Jumamosi nzima anajifungia na simu yake, anasikia redio ya jirani ukutani, na jirani mwenyewe hamjui kwa jina.

Kumbuka tohara yako, Agosti 2014. Ulikuja kwangu ukigonga kengele za chinyimba, nikakuchinjia ng'ombe, nikakuvika luliki, ule ukanda wa nyama, shingoni. Alfajiri ukatoka mtoni umepakwa tope, ukasimama mbele ya kisu bila kupepesa jicho. Tulikusifu kwa kuficha maumivu. Lakini ujasiri ule ulikuwa wa dakika chache, tena ukoo mzima ulikuzunguka ukiimba. Hakuna mzee aliyekuagiza uumie miaka na miaka peke yako.

Fanya hivi. Watafute bakoki wako. Mliotahiriwa mwaka mmoja mna haki ya kutaniana na kuambiana ukweli, na baadhi yao wako hukohuko Trans Nzoia. Mama akikupigia, mpe habari moja ya kweli kabla ya kusema uko sawa. Na mawazo yakikulemea hadi usione maana ya kuishi, nenda hospitali ya kaunti siku hiyohiyo, useme wazi. Usiogope polisi: Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu cha sheria kilichofanya jaribio la kujiua kuwa kosa la jinai kinakiuka Katiba. Mtu wa namna hiyo anahitaji matibabu na watu wake.

Jumamosi ijayo njoo. Mkono wako mtupu hakuna anayetaka kuulamba, na shangazi zako nimeshawaonya wasitaje harusi. Tunapukuchua mahindi, na tunahitaji mtu wa kushika gunia.

Ni mimi,
Mjomba wako