Fimbo ya Mtaroni

Nilianza kazi ya simu mwaka 1996, kibarua wa kubeba ngazi mjini Morogoro. Nyaya zilikuwa za shaba, na shaba ilikuwa na soko lake. Wezi walikata usiku, sisi tukaunga mchana, na baada ya wiki chache tukarudi palepale. Hata hivyo shaba ndiyo iliyonifunza subira ya kazi hii: kuinama ndani ya chemba yenye maji ya magotini, mamia ya nyaya mbele yako, na kuupata kila waya na mwenzake bila kukosea.

Julai 2009 mkongo wa baharini wa SEACOM ulianza kazi, na Dar es Salaam ikaunganishwa nao. Mpaka hapo intaneti yetu ilikuwa ikipanda kwenye setilaiti na kushuka tena, ya polepole na ya bei kubwa. Mwaka uleule ujenzi wa Mkongo wa Taifa ulianza huku bara, na wakandarasi wakatafuta watu waliozoea kuunga nyaya. Nikachukuliwa.

Somo la kwanza lilikuwa la darasani. Nilioneshwa uzi wa kioo, unene wake maikromita 125, yaani unazidi unywele kidogo tu. Mwanga haupiti katika unene wote huo. Hupita katika kiini chenye maikromita 9 hivi. Huo ndio uzi wa safari ndefu. Upo mwingine wenye kiini kipana, wa maikromita 50 au 62.5, lakini huo ni wa ndani ya majengo, kwa sababu miale yake hugawana njia nyingi na mawimbi yakivurugika hayafiki mbali. Nilikariri rangi 12 za nyuzi kama mtoto wa madrasa: buluu, chungwa, kijani, kahawia, kijivu, nyeupe, nyekundu, nyeusi, manjano, zambarau, waridi, samawati. Ukiiunga buluu na chungwa, umewakatia watu mawasiliano huku kiungo chenyewe kikipendeza machoni.

Kuunga nilikupenda tangu siku hiyo. Unauvua uzi ngozi yake, unaufuta kwa spiriti, unaukata kwa kisu maalumu mpaka ncha inyooke, kisha unaulaza ndani ya mashine na mwenzake. Cheche ya umeme inayeyusha ncha mbili ziwe uzi mmoja. Vumbi likiingia, umeharibu. Ndiyo maana tulifanyia kazi ndani ya hema, au nyuma ya gari vioo vikiwa vimefungwa, jasho likitutiririka. Katika kioo kizuri, mwanga wa mawimbi ya nanomita 1,550 hupungua desibeli 0.2 kwa kilomita. Baada ya kilomita 15 nusu yake bado ipo. Lakini kiungo kibaya cha nusu desibeli kinakula mwanga sawa na kilomita 2 na nusu za kioo. Hesabu hiyo ilinitia adabu.

Nilidhani hapo ndipo kazi ilipo. Aliyenitoa kwenye dhana hiyo ni msimamizi wangu wa mtaro, mzee wa Kiluguru aliyetembea na fimbo ya mninga yenye alama nyekundu mita 1.2 kutoka chini. Kila hatua chache aliitumbukiza mtaroni. Mchimbaji akisema, "Mzee, hapa tayari," yeye alijibu, "Ngoja fimbo iseme." Alama ikibaki juu ya ardhi, sururu zilirudi kazini.

Siku moja nilimwuliza kwa nini anahangaika na udongo wakati mali yetu ni kioo. Akaniambia, "Bwana mdogo, hicho kioo ni mchanga uliotakaswa. Fedha ya mradi huu umeikanyaga kwa miguu yako." Baadaye, nilipoanza kuandaa makisio ya gharama, niliona alivyosema kweli. Watu huniuliza kebo ni bei gani kwa mita. Kebo si tatizo. Ya nyuzi 48 haigharimu mara mbili ya ile ya nyuzi 24, maana ganda, kamba ya nguvu na kazi ya kiwandani ni karibu vilevile. Kinachomeza bajeti ni kuchimba, bomba la plastiki la kupitishia kebo, chemba, vibali vya hifadhi ya barabara, kutoboa chini ya lami, na kurudisha ardhi kama ilivyokuwa. Kuitundika kebo nguzoni ni nafuu na ni haraka, ila moto wa nyika unaifikia na lori lenye mzigo mrefu linaikwanyua. Kwa hiyo chini ya ardhi unalipa sana mara moja, na unacholipia ni kina.

Mwaka 2011 fimbo ikawa mkononi mwangu. Kwenye kipande cha mlimani tulikutana na mwamba. Mitaimbo iligonga siku tatu. Tukafika sentimita 60, kwa urefu wa mita 40 hivi. Utaratibu unajulikana: kina kisipofika, bomba hufunikwa kwa zege. Saruji haikuwapo, kebo ilikuwa ikisubiri, na bosi alipiga simu mara mbili asubuhi ile. Niliandika mita 1.2. Nikasaini.

Baada ya miaka miwili greda lililokuwa likisafisha mfereji wa barabara liliing'oa kebo hiyo. Tulipeleka mwanga ndani ya uzi kwa mashine ya kupimia. Mwanga hukimbia ndani ya kioo kilomita 200,000 hivi kwa sekunde, na mashine huhesabu muda wa mwangwi wake kurudi, ikakwambia umbali. Ilisoma kilomita 17.6. Nilitoa mizunguko ya akiba iliyokunjwa kila chemba, na kabla sijamaliza kutoa nilishajua ni wapi. Tuliweka kipande kipya katikati, kwa hiyo nyuzi 24 zilihitaji viungo 48. Tulianza saa tatu usiku, tukamaliza saa kumi na moja alfajiri. Kando ya barabara, kwenye kibanda cha wakala wa fedha, mama mmoja alikuwa amekaa na mgonjwa wake akisubiri hela iliyotumwa na mwanawe. Mtandao haukuwapo. Hakujua kwamba niliyekuwa nikiunga ndiye niliyesaini. Nami sikumwambia.

Mei 12, 2024 mikongo ya SEACOM na EASSy ilikatika baharini na intaneti ikazorota nchi nzima. Majirani walinigongea mlango kuuliza. Niliwaeleza kwamba meli itakwenda, itaiopoa kebo, na mafundi wataunga nyuzi juu ya sitaha kwa cheche ileile ninayoijua mimi. Bahari ina hatari zake, nao hawakuzichagua. Kina cha nchi kavu tunakichagua wenyewe.

Sasa nina kikosi changu. Kijana akija na cheti anataka mashine ya kuungia siku ya kwanza. Mimi nampa fimbo, mwezi mzima. Hunung'unika. Mwaka jana mmoja wao alinipigia simu kutoka mtaroni, wachimbaji wakipiga kelele nyuma yake, gari la mabomba limeshafika.

"Shikamoo Mzee. Hapa ni mwamba, fimbo haifiki. Nimewasimamisha."

Nilimwambia asiwaruhusu kufukia hata beleshi moja. Kisha nikawasha gari, nikaenda kutafuta saruji.