Kumshtaki Mwajiri, Kisha Kunywa Naye Kahawa

Jirani yangu hapa Köln, Ujerumani, ameishtaki ofisi ya umma inayomwajiri kwa kandarasi ya muda, kisha Jumatatu akaenda kazini na kunywa kahawa na mkubwa wake yuleyule. Alinisimulia haya kwenye mapipa ya taka, akitenga chupa za kijani na nyeupe, wala hakushusha sauti. Nilipanda hasira. Si kwa ajili yake, kwa ajili ya dadangu.

Wakili hakuwa naye. Alibeba faili lake hadi mahakama ya kazi, karani akamwandikia madai, basi. Sheria yao ya kandarasi za muda unaihesabu kwa vidole: pasipo sababu maalum, mwisho miaka miwili, na kurefushwa mara tatu tu. Ukianza kazi kabla hamjatia sahihi, kwa kawaida kikomo cha kandarasi ni batili na wewe ni wa kudumu. Nawe usilale: kandarasi ikiisha, wiki tatu zikapita hujashtaki, imekula kwako.

Sasa twende nyumbani Kenya. Dadangu ni muuguzi wa kandarasi katika kaunti ambayo siitaji, maana mshahara wa mwezi huu bado anautaka. Kandarasi huisha, barua ya kuirefusha huja ikipenda, na isipokuja anachanja watoto vilevile. Nilipomwambia aende kortini, Mama alimpokonya simu: "Wewe uko huko, hujui mambo ya huku. Mtoto amesaidiwa kazi, unataka amwage unga?"

Amesaidiwa! Sheria si haba kwetu. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinasema kibarua wa kutwa akifanya kazi mfululizo mwezi mzima, ahesabiwe mwajiriwa wa mshahara wa mwezi. Na walimu vibarua wa sekondari msingi (JSS), wale wa Sh20,000 kwa mwezi, si walishinda kesi dhidi ya tume ya walimu, TSC, Aprili 2024? Lakini hata baada ya hukumu iliwabidi wagome, na wengi wakaajiriwa kwa kudumu Januari 2025. Ndiyo maana wahudumu wa afya wa kandarasi wa UHC waliona heri kulala nje ya Afya House, makao ya Wizara ya Afya, kuliko kungoja faili.

Binamu yangu, mtetezi wa kila serikali, ananikumbusha Wajerumani si malaika. Kweli. Papa hapa Köln, karani wa mahakama alipewa kandarasi 13 katika miaka 11. Mahakamani kwenyewe! Kesi ikafika Mahakama ya Haki ya Ulaya mwaka 2012, majaji wakasema kushikia nafasi za walio likizoni ni sababu inayoweza kukubalika hata ikirudiwarudiwa, mradi isitumiwe vibaya. Sawa, binamu, umeshinda hapo. Lakini sidhani kuna shangazi aliyemwita yule karani mtovu wa shukrani.

Muuguzi anayechanja watoto wa wadi nzima tangu wakati wa korona, nani amemsaidia nani? Nauli ya kwenda kortini naituma leo, na haipitii simu ya Mama.