Makunduchi, Mji Unaohesabu Upepo

Julai kusi ikishapamba moto, kona ya kusini-mashariki ya Unguja ndiyo inayoipokea. Nje ya mwamba wa Makunduchi ni bahari kuu tupu, na upepo unaingia mjini bila kupiga hodi. Ninaupenda mji huu kwa mengi, lakini kubwa ni hili: hapa pameenziwa elimu ya kuhesabu upepo, na siku inapoanzia hesabu hiyo bado inasherehekewa na mji mzima.

Kutoka Mji Mkongwe unapanda daladala, unapita msitu wa Jozani wenye kima punju, kisha barabara inashuka kusini kwenye ardhi ya mawe na vichaka. Ukifika, usikimbilie ufukweni. Kaa kwanza barazani na wazee, uwaamkie shikamoo, kisha uulizie habari za mwaka. Hapo utagundua kwamba uko darasani.

Waswahili wa pwani walikuwa na kalenda mbili. Ya mwezi iliwapa Ramadhani, Idi na Maulidi, ikawapa pia bamvua na maji mafu. Lakini mwaka wa mwezi una siku kama 354, ni pungufu ya mwaka wa jua kwa siku 11 hivi. Ramadhani inaweza kuangukia kaskazi, na baada ya miaka ikaangukia kusi. Nahodha akiufuata mwezi peke yake, hatajua lini atweke tanga.

Ndipo ikaja nairuzi, hesabu ya jua yenye asili ya Uajemi. Mwaka una siku 365, zimegawanywa miongo 36 ya siku kumi kumi, zikabaki siku tano za kufungia. Mabaharia hawakuhitaji majina ya miezi; waliuliza tu siku ya ngapi ya mwaka. Anza kuhesabu kutoka katikati ya Julai: ukimaliza miongo 12 utakuwa katikati ya Novemba, na kaskazi iko njiani. Kaskazi hiyo ndiyo iliyoleta majahazi ya Omani na Gujarat, na kusi ikayarudisha kwao. Aliyekosea hesabu akapitwa na upepo wake alikaa ugenini miezi akiungoja mwingine.

Elimu hii haikuwa ya kijiji kimoja. Ahmad ibn Majid, nahodha mkubwa wa karne ya 15 kutoka Julfar, iliyo leo Ras al-Khaimah, aliandika misimu ya safari kwa kuhesabu siku za nairuzi, na akatunga utenzi mzima juu ya njia ya Sofala, unaopita katika pwani yetu. Yeye na manahodha waliokuwa wakitia nanga Unguja walikuwa wanachuo wa fani moja, wenye bahari kwa madrasa.

Hesabu yenyewe ina mtihani wake. Kwa kuwa haina siku ya nyongeza, siku ya mwaka hurudi nyuma siku moja kila miaka minne. Mtu aliyeishi miaka 80 angeiona imesogea siku 20. Kwa hiyo haikutosha kukariri. Kila kizazi kilipaswa kuutazama upepo upya na kusahihisha hesabu iliyorithiwa.

Mwaka Kogwa ndiyo siku ya kwanza ya hesabu hiyo. Wanaume wa pande mbili za mji wanapigana kwa vigogo vya migomba, na ugomvi wa mwaka uliopita unaishia hapo hapo. Kibanda cha makuti kinatiwa moto mtu akiwa ndani, naye anachomoka salama. Watu wanautazama moshi unakoelekea, wausome mwaka unaoingia. Wanawake wanaimba, wamependeza kwa kanga mpya, na kila nyumba inataka mgeni. Ukikaribishwa chakula usikatae. Mgeni ni sehemu ya baraka ya siku.

Kesho yake nenda Kizimkazi, jirani tu, ukauone msikiti wenye maandishi ya Kikufi ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107. Waliochonga mawe yale walijua kuandika, na upepo wa misimu ndio uliowaunganisha na dunia.

Wageni wengi hupiga picha za vigogo vya migomba, wakaondoka jioni. Wewe baki. Mwombe mzee akuhesabie miongo, na uje na wanao wamsikilize. Shule zetu zinafundisha pembetatu na sehemu. Zifundishe na nairuzi, kwa sababu ni hisabati iliyozaliwa na bahari hii, na wanaoijua wanapungua. Julai ikikaribia, funga safari ya Makunduchi.