Madras, Mwaka wa Roja

Kabla ya Agosti 1992, muziki wa filamu za Kitamil ulikuwa na mwenyewe. Tangu filamu ya Annakili ya mwaka 1976, mtunzi Ilaiyaraaja aliushika mji wa Madras hata watu wakaacha kutaja filamu, wakawa wanasema tu wimbo huu ni wa Raaja. Alitunga kwa makumi ya filamu kwa mwaka. Asubuhi aliingia studio za Prasad, akaketi na karatasi, akaandika noti za kila chombo bila hata kugusa kinanda. Karatasi ziligawiwa kwa wapigaji, na kabla jua halijasimama utosini safu nzima ya fidla, filimbi, tabla na magitaa ilikuwa inapiga kwa pamoja mbele ya vipaza sauti. Muziki ulinaswa ukiwa mzima, watu wote wakiwa chumba kimoja.

Nilikuwa mwanafunzi huko miaka hiyo, mmoja wa vijana wengi wa Afrika Mashariki waliosoma India kwa ufadhili. Nilitoka Tanga nimeshiba filamu za Kihindi, nikidhani naujua muziki wa India. Kumbe niliujua wa Bombay tu. Kitamil nilikiokota sokoni, kwenye mabasi ya Pallavan na kwenye treni ya Tambaram, na nyimbo zilinifundisha kuliko vitabu. Nilipanga chumba Kodambakkam, mtaa wa studio, ambako mwenye duka la chai, kinyozi na dobi wote walikuwa na habari za filamu ambayo bado haijatoka. Chini ya chumba changu aliishi mzee mpiga fidla wa kukodiwa. Alikuwa amepiga kwa watunzi karibu wote wakubwa, na jioni alikuwa akiketi barazani akijisugua vidole vya mkono wa kushoto. Mimi nilimwita "sir", yeye akiniita "thambi", mdogo wangu.

Ni mzee huyo aliyenipa habari kwamba mkurugenzi Mani Ratnam amebadilisha mtunzi. Kwa watu wa Kodambakkam lilikuwa jambo zito. Filamu zote za Mani Ratnam tangu ya kwanza, mwaka 1983, mpaka Thalapathi ya 1991, zilipigiwa muziki na Ilaiyaraaja. Sasa anatengeneza Roja chini ya kampuni ya K. Balachander, na muziki amempa kijana wa miaka ishirini na tano ambaye hajawahi kutunga filamu kubwa. "Ni yule Dileep," mzee akasema. "Mtoto wa Shekhar."

Jina hilo halikuniambia kitu, naye akanieleza. R. K. Shekhar alikuwa mtunzi na mpangaji wa muziki wa filamu za Kimalayalam. Alifariki mwaka 1976, mwanawe akiwa na umri wa miaka tisa. Nyumba ikaendeshwa kwa kukodisha vyombo vya marehemu, na mtoto mwenyewe bado mdogo akaanza kwenda studio kupiga kinanda ili mama na dada zake wale. Alipiga kwa watunzi wengi, Ilaiyaraaja akiwa mmojawao. Wazee wa studio walimkumbuka kama kijana asiyesema, anayekuja, anapiga, anaondoka. Baadaye familia ikasilimu, na jina lililochapwa kwenye kaseti ya Roja likawa A. R. Rahman.

Mwaka 1989 alikuwa amejenga studio yake nyuma ya nyumba, hapo hapo Kodambakkam, akaiita Panchathan Record Inn. Riziki yake ilitokana na muziki wa matangazo ya biashara. Lililompatanisha na Mani Ratnam lilikuwa tangazo la kahawa ya Leo, na aliyelitengeneza alikuwa ndugu wa mkurugenzi huyo. Ujira wa Roja, kwa habari zilizoenea, ulikuwa rupia 25,000, fedha ndogo hata kwa wakati ule.

Ilichukua muda kabla sijafahamu kwa nini kazi yenyewe iliwashangaza watu wa fani. Mashine za umeme hazikuwa ngeni Madras. Ilaiyaraaja mwenyewe alishazitumia katika Punnagai Mannan ya mwaka 1986. Kilichobadilika ni mwendo wa kazi. Rahman alifanya kazi usiku. Mwimbaji aliitwa peke yake, akaimba ubeti huo huo mara nyingi, mara kwa sauti ya juu, mara kwa kunong'ona, kisha akarudi nyumbani asijue wimbo utakuwaje. Mtunzi akabaki na vipande, akachagua, akapanga, akatia ngoma hapa na kibwagizo pale, akatoa alichokitia jana. Wimbo ambao zamani ungekamilika kwa siku moja sasa ulifinyangwa kwa majuma. Kazi iliyokuwa ya ukumbi wa watu hamsini ikawa ya mtu na fundi wake katika chumba chenye mazulia.

Maneno aliandika Vairamuthu. Waimbaji walikuwa mchanganyiko wa waliobobea na wapya: S. P. Balasubrahmanyam, K. S. Chithra, Sujatha, Unni Menon, Hariharan ambaye alikuwa hajawahi kuimba katika filamu ya Kitamil, na binti wa Kerala aliyeitwa Minmini, ambaye ndiye aliyepewa wimbo wa Chinna Chinna Aasai.

Kaseti ilitangulia filamu. Mtaani kwetu palikuwa na duka la kurekodi, wakati huo yalikuwa kila kona ya Madras: unapeleka kanda tupu ya TDK na orodha ya nyimbo uzitakazo, kesho unaifuata. Mwenye duka alikuwa na spika mbili kubwa mlangoni, na kwazo ndipo nilipoisikia Roja mara ya kwanza. Cha kwanza kilichonishika kilikuwa nafasi. Katika muziki wa Raaja fidla hujaza kila upenyo, na nilikuwa nimeshaipenda hali hiyo. Huku kulikuwa na besi inayotembea taratibu kwa mdundo unaokaribia ule wa rege, kigongo kidogo kikigonga mbali, sauti ya Minmini imewekwa karibu na sikio kabisa, na katikati yao hewa tupu. Katika Pudhu Vellai Mazhai sauti za nyuma zilinyanyuka na kutawanyika polepole mpaka nikahisi baridi, nami nimesimama juani katika jiji la joto kama la Tanga.

Watu waligawanyika. Katika duka la chai, vijana wa chuo walikuwa upande mmoja, wenye umri wa baba zao upande wa pili. Wazee walisema huu ni muziki wa matangazo: unavutia, unauza sabuni, mwakani haupo. Walisema hauna raga, hauna jasho la mpigaji. Vijana hawakujibu kwa hoja, waliongeza sauti ya redio. Ijumaa jioni Doordarshan ilipotoa Oliyum Oliyum, kipindi cha nyimbo za filamu, njia zilikuwa nyeupe, na kila dirisha lilitoa sauti ile ile. Filamu ilitoka tarehe 15 Agosti, siku ya uhuru wa India, na wiki zilizofuata sinema ilijaa watu walioujua kila wimbo kwa moyo. Wakati wa wimbo wa Rukkumani, vikongwe kwenye skrini wanapocheza ngoma ya harusi, watu walisimama juu ya viti.

Oktoba, wakati wa Diwali, ikaja Thevar Magan yenye muziki wa Ilaiyaraaja. Ni kazi kubwa, ya kijiji, udongo na damu ya ukoo, na mimi naiweka juu sana hata leo. Ndiyo maana sikuwahi kuukubali usemi ulioenea kwamba mwaka ule mfalme aliangushwa. Hakuna aliyeanguka. Rahman alifunzwa na Dhanraj Master, mwalimu yule yule aliyemfunza Ilaiyaraaja. Utoto wake wote aliumalizia ndani ya studio za wakubwa, akisikia jinsi fidla zinavyojibizana na jinsi wimbo unavyopumua kati ya ubeti na ubeti. Walioiona mashine tu walikosa kuiona miaka ile yote ya kukaa kimya nyuma ya kinanda cha kukodiwa.

Tuzo za taifa zilipotolewa, kura za majaji juu ya muziki ziligongana, nusu kwa Roja, nusu kwa Thevar Magan. Mwenyekiti alikuwa Balu Mahendra, mkurugenzi ambaye kwa miaka zaidi ya kumi muziki wa filamu zake ulitungwa na Ilaiyaraaja. Kura yake ya kukata ikaenda kwa mgeni. Vairamuthu naye akapata tuzo ya mashairi.

Mzee mpiga fidla hakushangilia wala hakulalamika. Aliniambia jambo ambalo sikulisikia katika mabishano ya duka la chai. "Thambi, muziki ni mzuri. Lakini hesabu fidla ngapi ziliitwa." Mwaka uliofuata watayarishaji wengi walitaka mlio wa Roja, na mlio ule haukuhitaji safu za wapigaji kila asubuhi. Siku alizokaa barazani mchana, kisanduku cha fidla kikiwa ndani, zikaongezeka. Nilikuwa nausikiliza muziki huo chumbani, juu ya kichwa chake, na nilijifunza kupunguza sauti.

Kulikuwa na jambo jingine lililonielemea. Roja ni hadithi ya mke anayemtafuta mumewe aliyetekwa na wapiganaji huko Kashmir, ingawa picha zilipigwa Manali na kwenye vilima vya kusini. Kuna tukio ambapo mateka anajitupa juu ya bendera inayoungua, muziki ukipanda, na yule mtekaji anaonyeshwa akiswali. Sinema ililipuka kwa makofi. Mimi Mwislamu wa pwani ya Tanga nilikaa kimya kitini. Desemba mwaka huo huo umati wa Wahindu ukaubomoa msikiti wa Babri, Bombay ikaungua kwa ghasia, na mwaka 1993 filamu ikatiwa maneno ya Kihindi na kuenea nchi nzima. Wimbo uliokuwa unawaita Watamil, kwa Kihindi ukaiimba India. Wapo wasomi walioandika kwa ukali juu ya filamu hii, na naona walikuwa na haki. Nilibaki na muziki niupendao ndani ya hadithi iliyonichoma, muziki uliotungwa na kijana aliyeswali kama mimi, na sikuweza kukitenga kimoja na kingine.

Nyimbo za Kihindi ndizo zilizofika kwetu. Dada yangu aliniandikia barua kuniuliza kama nimeusikia ule wimbo mpya wa Bombay. Nilimjibu kwa kurasa kadhaa, nina hakika nilimchosha: si wa Bombay, umetungwa Kodambakkam, nyuma ya nyumba nisiyo mbali nayo, na aliyeuimba ni Minmini. Nilitaka jina hilo lifike. Muda mfupi baadaye sauti ilimkatika Minmini akiwa jukwaani London, na kwa miaka mingi hakuimba tena. Mamilioni wakaendelea kumsikia bila kumjua.

Pamoja na barua nilituma kaseti ya Kitamil. Ilitwaliwa na mjomba wetu aliyekuwa akipiga gitaa la besi katika klabu ya taarabu pale Tanga. Kitamil hakujua hata neno moja, na hadithi ya filamu hakuitaka. Niliporudi likizo nilimkuta ameshaurudisha nyuma wimbo wa Minmini mara nyingi hata kanda imeanza kukwaruza, akitafuta mahali besi inapoingia.

"Mjomba, unataka kuupiga kwenye taarabu?"

"Nataka kwanza nijue kwa nini hapa ameacha," akasema, akabonyeza kitufe, akanishika mkono nisiongee. "Sikiliza. Hapa mimi ningejaza."