Wasiosoma Wana Macho na Masikio

Sisi walimu twadhani mara nyingi ya kuwa asiyesoma hafundishiki. Ousmane Sembène wa Senegal, aliyefariki mwaka 2007, ametusahihisha. Alizaliwa mwaka 1923, mwana wa mvuvi. Akawa mwashi, kisha kuli katika bandari ya Marseille, akatunga vitabu kwa Kifaransa. Lakini watu wengi wa kwao hawakuweza kuvisoma. Basi, umri wake ukikaribia miaka 40, akaenda Moscow kujifunza kazi ya sinema. Mwaka 1968 akatoa Mandabi, picha isemayo Kiwolofu: mzee asiyejua kusoma aletewa hawala ya fedha, naye jamaa yake msomi amdhulumu. Twaona haya. Mama zetu hawakusoma, nao ndio waliotusomesha. Je, tumewarudishia nini?