Usijibu Ndiyo Upesi

Mkubwa wangu alipofariki alituachia gitaa moja na mashini moja ndogo ya muziki, ile inayoitwa iPod. Gitaa lilikwenda kwa mwanawe wa kiume, na mashini ikabaki kwa binti yake. Ndani yake mlikuwa nyimbo za Jean-Bosco Mwenda, yule mpiga gitaa ambaye Hugh Tracey alinasa muziki wake huko Jadotville mwaka 1952, mji tunaouita leo Likasi. Tena mlikuwa nyimbo 14 ambazo mkubwa wangu alizipiga mwenyewe nyumbani, wakati wa jioni. Hizo hazikuwa mahali pengine po pote.

Mwaka jana betri ikachoka. Mashini ilizimika baada ya wimbo mmoja au miwili. Wala hatukuweza kununua mpya, kwa maana Apple walianza kuuza iPod mwaka 2001, na mwaka 2022 wakatangaza kwamba wanaacha. Basi binti akaja kwangu na mashini nyingine ya bei ndogo, yenye kadi ya memori. Akasema: «Baba mdogo, nisaidie kuhamisha nyimbo za baba.» Mimi najua kidogo mambo ya kompyuta, nikamjibu kwa kiburi: «Mama, hiyo ni kazi ya dakika kumi.»

Nikaunganisha iPod na kompyuta yangu kwa waya. Mara programu ya iTunes ikafunguka, ikaniuliza swali. Nikapeleka kidole nijibu ndiyo, lakini binti akanishika mkono. «Baba mdogo, soma kwanza.»

Nikasoma. Kumbe niliulizwa kama nakubali kufuta nyimbo zote zilizomo, ili zitiwe zile za kompyuta yangu! Jasho likanitoka. iPod hufuata maktaba ya kompyuta moja. Ukiiunganisha na kompyuta ngeni, haimwagi nyimbo zake humo. Inangoja kujazwa upya. Mimi nilidhani maji yanakwenda huku na huku, kumbe yanashuka upande mmoja tu. Swali liliandikwa wazi. Kosa lilikuwa la haraka yangu.

Tukakataa, tukafunga programu, tukaanza tena polepole. iPod ya namna ile, yenye gurudumu, yaweza kuamshwa iwe kama sanduku la kuwekea vitu tu. Unashika pamoja kitufe cha Menu na kile cha katikati mpaka alama ya tofaa ionekane. Halafu upesi unashika cha katikati na cha kupigia wimbo. Tukaamuru kompyuta ituonyeshe pia folda zilizofichwa. Ndipo tukaona folda iitwayo iPod_Control, na ndani yake nyimbo zote, lakini kila moja ina jina la herufi nne zisizo na maana. Tusiogope: jina la kweli la wimbo na la mwimbaji huandikwa ndani ya faili yenyewe.

Tukanakili zote katika kompyuta, tena mara ya pili katika flashi. Kisha tukaiambia kompyuta iiachilie iPod kabla ya kuchomoa waya, maana faili inayokatwa njiani huharibika.

Walakini mashini mpya ilikataa nyimbo nyingine. Yenyewe ilijua MP3 tu, na mkubwa wangu alizihifadhi zake kwa namna ya AAC. Tukazigeuza kwa programu, tukaziweka za asili pembeni, kwa kuwa kila mgeuzo wa namna hii hupunguza uzuri wa sauti kidogo. Chache zilibaki bubu kabisa: alizinunua kabla ya mwaka 2009, wakati nyimbo nyingi za duka lile ziliuzwa zikiwa na kufuli.

Ikabaki shida ya mwisho. Zile 14 hazikuandikwa jina hata ndani. Mashini mpya ilizitupa zote chini ya neno moja: «Haijulikani». Basi tukaketi mezani, binti na mimi, tukasikiliza moja moja, tukiandika majina. Katika ule wa tisa gitaa likanyamaza ghafula, na sauti ya mkubwa wangu ikasema: «Mama, funga dirisha, mvua inaingia.» Halafu akaendelea kupiga.

Binti akaweka kalamu chini. Alipoitwa vile alikuwa na miaka saba, na alikuwa amesahau. Baada ya kitambo akaishika tena, akaandika: «Wimbo wa Mvua».

Kazi ya dakika kumi ilitumaliza siku mbili. Wasomaji wapenzi, kama mnayo sauti ya mtu wenu katika mashini moja tu, msingoje betri ife. Nakilini mara mbili, kisha ndipo mhamishe. Na mashini ikiwauliza neno, someni mpaka mwisho kabla ya kujibu ndiyo.